Besi Mbele ya Kamera

Ruggero Raimondi, mzaliwa wa Bologna mwaka 1941, alianza kazi jukwaani huko Spoleto mwaka 1964, akiimba nafasi ya Colline katika *La Bohème* ya Puccini. Haukupita muda mrefu sauti yake ya besi ikasikika La Scala na Metropolitan ya New York. Lakini wako wengi waliomjua bila kukanyaga jumba la opera: walimwona kwenye sinema.

Mlango huo ulifunguliwa na mwongozaji Joseph Losey, aliyemwongoza akiwa Don Giovanni katika filamu iliyotoka mwaka 1979. Sehemu kubwa yake ilipigwa kwenye jumba lililosanifiwa na Palladio karibu na Vicenza. Muziki ulikuwa umekwisha kurekodiwa Paris chini ya kiongozi wa okestra Lorin Maazel, kwa hiyo mbele ya kamera Raimondi alifuatisha sauti yake mwenyewe kwa midomo, kama wafanyavyo wasanii wetu kwenye video. Usidhani ni kazi rahisi. Kamera ikisogea usoni, shingo isiyokaza na kifua kisichovuta pumzi humuumbua mwimbaji mara moja. Yeye alitegemea macho. Don Giovanni wake ni mtu baridi, asiye na haraka, hata anapoishia kwenye moto wa tanuri la vioo.

Zikafuata *Carmen* ya Francesco Rosi mwaka 1984, akiwa Escamillo, na *Boris Godunov* ya Andrzej Żuławski mwaka 1989.

Mwaka 1992 hapakuwa na pa kujificha. Opera ya *Tosca* ilirushwa moja kwa moja kwenye televisheni kutoka Roma, mahali penyewe na saa zenyewe za hadithi: kanisani adhuhuri ya Julai 11, Palazzo Farnese usiku, Castel Sant'Angelo alfajiri ya pili yake. Zubin Mehta na okestra walikuwa studio, mbali na waimbaji, ambao walimfuata kwenye skrini. Raimondi aliimba nafasi ya Scarpia, mkuu wa polisi anayeuawa mwisho wa sehemu ya pili. Miongoni mwa waliotakiwa kuimba tena alfajiri ni mwenzake Plácido Domingo.

Alipoirudia nafasi ya Scarpia kwa mwongozaji Benoît Jacquot mwaka 2001, filamu ilichanganya maigizo na picha za waimbaji wakirekodi, wamevaa nguo zao za kawaida. Ni filamu nzuri, lakini Scarpia wa Roma anatisha zaidi.