Timu ya Kina Sijui

Kuna swali nimeulizwa tangu nikiwa mtoto wa shule ya msingi: "Kenya wakicheza na Somalia, wewe utashangilia nani?"

Nimeulizwa na makanga wa matatu Eastleigh. Nimeulizwa na mwalimu mbele ya darasa zima. Nimeulizwa na askari kwa kizuizi cha barabarani, kitambulisho changu kikiwa mkononi mwake, eti tunapiga tu stori akingoja basi zima likaguliwe. Wengine huuliza wakicheka. Huyo wa kizuizi hakuwa anacheka.

Sasa ukikutana na jamaa ametoka Mogadishu, huyo hata hakuulizi. Anakuita Sijui. Ndilo jina letu kwao, Wasomali wa Kenya ni "Sijui", kwa sababu tukiongea Kisomali, Kiswahili kinaruka katikati bila kualikwa. Nairobi mimi ni Warya. Mogadishu mimi ni Sijui. Ni Garissa tu watu huniita jina nililopewa na mama yangu.

Leo nataka kulijibu hilo swali mara moja tu, na nitalijibu kwa mpira, kwa sababu ndiko lilikotoka.

Kwa wale hawafuatilii: ukanda wetu una kombe lake, Kombe la Challenge la CECAFA. Ni kombe la majirani. Lilianza 1926 likiitwa Gossage Cup, jina la mtengenezaji sabuni, na zilikuwa timu mbili pekee, Kenya na Uganda. Baadaye wakaingia Tanganyika na Zanzibar. Tangu 1973 ndilo hili la Challenge, na humo utapata Ethiopia, Sudan, Rwanda, Burundi, Eritrea, Djibouti, na ndiyo, Somalia. Uganda wamelibeba mara 15. Sisi tumelibeba mara 7, na ile ya 2013 tuliichukua tarehe 12 Desemba, siku Kenya inatimiza miaka 50 ya uhuru, tukiwachapa Sudan 2-0 pale Nyayo. Allan Wanga alizifunga zote mbili.

Lakini ile ninayoikumbuka mimi ni ya 2017. Nilikuwa na miaka 14. Fainali ilikuwa Machakos, Kenya na Zanzibar. Hapa mtaani ile Jumapili watu wote walikuwa na Manchester United yao, kwa hivyo mimi na rafiki yangu tukakaa nje ya duka la abti wake na simu ndogo ya redio, tumeiweka ndani ya bakuli la chuma sauti iongezeke. Tukafunga mapema. Zanzibar wakasawazisha dakika za mwisho. Muda wa ziada tukafunga tena, wakasawazisha tena. 2-2. Penalti. Patrick Matasi akapangua tatu. Tulikimbia hadi karibu na daraja la Tana tukipiga kelele, na hakuna mtu alijua tunapigia kelele nini.

Huyo rafiki yangu nitamwita Winga, maana hakupenda niweke jina lake hapa. Alikuwa anacheza kushoto. Si ati nasema hivyo kwa sababu ni rafiki yangu, muulize mtu yeyote aliyecheza uwanja wa vumbi na sisi. Alikuwa anakupita, anakungoja, halafu anakupita tena.

Usiku huo wa 2017 aliniuliza kitu. Alisema, "Walaal, hawa Zanzibar wana bendera, wana timu, na kwa FIFA hawako. Inawezekanaje?"

Sikuwa najua. Nilikuja kusoma baadaye. Zanzibar kwa FIFA wamo ndani ya Tanzania. Mwaka huohuo wa 2017, mwezi wa tatu, CAF iliwapa uanachama kamili, na kufika mwezi wa saba ikawanyang'anya. Kwa hivyo hiyo timu tuliyoponea kwayo kwa penalti ilikuwa imetoka kuambiwa miezi michache nyuma kwamba haipo. Kombe la majirani pekee ndilo liliendelea kuwaita kwa jina lao. Na waliwahi kulibeba pia, 1995.

Wacha nirudi kwa Winga.

Mwaka 2011 kulikuwa na ukame mnaoukumbuka. Mifugo iliisha. Mama yake alikuwa na watoto watano na mbuzi hawafiki kumi. Dadaab kulikuwa na chakula, na chakula kilikuwa cha wakimbizi. Kwa hivyo akafanya kile familia nyingi za huku zilifanya. Akapanga foleni na watoto wake, wakaandikishwa, wakachukuliwa alama za vidole, wakapewa kadi ya mgao. Mkenya akajiandikisha mkimbizi ndani ya kaunti yake mwenyewe ili watoto wale. Winga alikuwa na miaka 8.

Alipofika 18 alienda kuchukua kitambulisho. Akapigwa msasa mbele ya wazee, akataja babu na babu ya babu, wazee wakasema huyu ni wetu. Halafu akaweka kidole kwa mashine. Mashine ikasema: mkimbizi.

Hapo ndipo kila kitu kilisimama. Kulikuwa na timu Nairobi imemwita kwa majaribio. Si timu kubwa, lakini ni timu, na kocha alikuwa amemwona kwa video nilizokuwa narekodi mimi mwenyewe. Wakamwambia aje na kitambulisho ili wamsajili. Hangeweza hata kupita vizuizi vya njiani bila hicho kitambulisho. Huku kwetu wazee bado wanasema mtu akivuka Tana "ameenda Kenya". Zamani nilidhani ni utani wa wazee. Winga ndiye alinifanya nielewe kwamba ni maelekezo ya njia.

Basi nirudi kwa swali lenu. Kenya na Somalia zikicheza, Winga achezee nani? Kenya inamwambia wewe si wetu, kompyuta imesema. Somalia hajawahi kukanyaga, hana pasipoti yake, hana shangazi huko. Na timu ya taifa ya Somalia yenyewe tangu vita imekuwa ikicheza mechi zake nyingi za "nyumbani" nje ya nchi, Djibouti na kwingineko. Zanzibar angalau wana bendera. Huyu hana hata hiyo.

Agosti 2025, CHAN ilikuja hapa kwetu, Kenya, Uganda na Tanzania kwa pamoja. Mnakumbuka raha ile. Tarehe 10 tulicheza na Morocco Kasarani, Ryan Ogam akafunga, tukabaki watu kumi, tukashikilia hadi mwisho. Garissa safari hii hakuna aliyekuwa anatazama Manchester United. Ukumbi ulijaa hadi watu wakakaa kwa kreti za soda. Winga alikuja na jezi ya Kenya, ile nyekundu. Ameinunua kwa pesa ya kubeba mizigo stendi, maana bila kitambulisho hiyo ndiyo kazi anapata.

CHAN ni ya wachezaji wa ligi za nyumbani. Yaani hao vijana wote pale uwanjani walikuwa ni watu wa ligi yetu hii tunayoidharau. Sikutaka kumwangalia Winga usoni. Tulipofunga aliruka kuliko sisi wote. Mwisho wa mechi akaniambia polepole, "Yule wa kushoto anakata ndani mapema sana." Basi. Hakusema lingine.

Sasa nisikilizwe vizuri. Sisemi hakuna kilichobadilika. Februari 2025 Rais William Ruto alikuja Kaskazini Mashariki akatangaza kwamba kupigwa msasa kwa ajili ya kitambulisho kumeisha. Watu walilia kwa furaha, na mama yangu alikuwa mmoja wao. Lakini kuondoa wazee mezani hakufuti kidole kwa mashine. Tumerudi na Winga mara mbili. Mara zote mbili tumeambiwa tungoje. Anangoja akiwa na miaka 22, na winga hazeeki kama mwalimu.

Kwa hivyo nataka vitu viwili, na vyote vinawezekana.

Cha kwanza, watu walioandikishwa Dadaab wakiwa watoto wenye njaa waondolewe kwa orodha hiyo, na wapewe tarehe, si "ngoja". Mtoto wa miaka 8 hakudanganya mtu. Alikula.

Cha pili kinaonekana kidogo lakini kwangu si kidogo. Tuchukulie kombe letu la majirani kwa uzito. Kombe la mwisho la Challenge nililolitazama la timu za wakubwa lilikuwa Uganda 2019, wenyeji wakaifunga Eritrea 3-0 fainali. Lile la 2021 Ethiopia likafanywa la vijana chini ya miaka 23. Wenzetu wa kusini wamecheza COSAFA yao 2021, 2022, 2023, 2024, 2025. Mwaka 2024 hata sisi Kenya tulienda kucheza huko kama wageni. Mtu mzima anaenda kula kwa jirani wa mbali na jikoni kwake kuna sufuria. Na likirudi kwetu, lisiishie Nairobi. Mwaka 2013 lilifika Mombasa, 2017 likafika Kakamega. Afcon ya 2027 inakuja, sawa, siombi mechi ya Afcon. Naomba siku moja Kenya icheze na Somalia hapa Garissa, mbele ya watu wenye wanaulizwa hilo swali kila siku.

Siku hiyo mtakuja kuangalia tunashangilia nani, na mtapata jibu lenu. Mimi nitakuwa na jezi nyekundu. Mama atamwombea kila mtoto uwanjani, wa huku na wa kule, kama anavyofanya siku zote. Na jamaa wa Mogadishu akiniita Sijui nitaitika, kwa sababu hilo neno ni Kiswahili, na Kiswahili ni changu.

Winga atakuwa kando yangu, akilalamika kuhusu mchezaji wa kushoto. Nilitaka awe ndiye huyo wa kushoto.