Swali Bila Jibu: Uteuzi wa Vipande vya Video vya Mijadala ya Umma Nchini Kenya

Katika malumbano ya ushairi wa Kiswahili, shairi halisimami pweke. Mtunzi hutupa swali, mwenzake hulijibu, aghalabu kwa bahari na vina vile vile. Msomaji aliyepewa beti za upande mmoja amepewa nusu ya kazi. Kanuni hii yamfaa pia mhakiki anayeteua vipande vya video kuonyesha jinsi mijadala ya umma ilivyobadilika nchini Kenya.

Kwanza, hifadhi yenyewe ina upogo. Hadi KTN ilipoanza mwaka 1990, Wakenya walikuwa na televisheni ya serikali pekee. Mwaka huo huo Waziri Peter Okondo alimwonya hadharani Askofu Alexander Muge wa Kanisa la Anglikana, Eldoret, asikanyage Busia. Muge alikwenda, akafa katika ajali ya barabarani tarehe 14 Agosti, Okondo akajiuzulu. Mjadala ule mkali uliishi zaidi mimbarani na magazetini. Anayetegemea kanda tu atadhani zama zile zilikuwa za kimya.

Tarehe 11 Februari 2013 wagombea urais wanane walisimama jukwaa moja jijini Nairobi, kwa mara ya kwanza. Alikuwamo James ole Kiyiapi, aliyewahi kufundisha Chuo Kikuu cha Moi. Alikuwamo pia Mwalimu Mohamed Abduba Dida, ambaye mizaha yake hukatika vizuri katika vipande vifupi (na hiyo ndiyo hatari yake). Kigumu ni kile kipande kinachohusu kesi za ICC zilizotokana na ghasia za 2007–2008. Eldoret, si mbali na Kiambaa, ambako watu walichomwa moto kanisani tarehe 1 Januari 2008, swali hilo si zoezi la balagha. Darasa moja huweza kuwa na watoto wa waliokimbia na wa waliotuhumiwa. Likionyeshwa swali bila jibu, kila mtazamaji ataondoka na upande aliokuja nao. Yafaa mabishano yaonyeshwe mazima, hata yakichosha. Wala picha za moto zisibandikwe kando ya maneno ya mwanasiasa: ubandikaji huo ni shtaka ambalo hakuna aliyelitetea kwa hoja.

Midahalo ya baadaye ina somo jingine. Tarehe 24 Julai 2017 Raila Odinga alihojiwa peke yake, Uhuru Kenyatta asipofika. Tarehe 26 Julai 2022 ilikuwa zamu ya William Ruto kusimama peke yake, Raila akiwa amesusia. Vikiwekwa sambamba, vipande hivi viwili huwanyima mashabiki wa pande zote raha ya kulaumu. Kutofika kumekuwa kauli.

Isitoshe, midahalo hiyo iliendeshwa zaidi kwa Kiingereza, ilhali kura ziliombwa viwanjani kwa Kiswahili na lugha za jamii. Kila kipande cha ukumbini chahitaji mwenzake wa uwanjani, wa msemaji yule yule, wa msimu ule ule wa kampeni.