Waliyemwita Bubu

William Hoy alicheza misimu 14 katika ligi kuu za besiboli Marekani, kuanzia 1888 hadi 1902, lakini jina lililomwandama ni Dummy. Enzi zile neno hilo lilimaanisha bubu. Leo ni tusi la mtu mpumbavu.

Alizaliwa Ohio mwaka 1862. Akiwa mdogo, homa ya uti wa mgongo ilimwachia uhai ikamnyang'anya masikio. Alisoma shule ya viziwi mjini Columbus, akamaliza akiwa wa kwanza darasani, akawa fundi viatu. Msimu wake wa kwanza na timu ya Washington aliiba vituo 82, akaongoza ligi nzima. (Kuiba kituo ni kuchomoka mbio wakati mrushaji anarusha, bila kungoja mwenzako aupige mpira.)

Kinachonivutia zaidi ni kazi yake ya ulinzi. Alisimama kule mbali kwenye nyasi, mahali ambapo wachezaji wawili wakiufuata mpira mmoja angani lazima mmoja apaaze sauti, la sivyo watagongana. Tommy Leach, aliyecheza naye Louisville, alisimulia kwamba Hoy alikuwa akitoa mlio mdogo wa kooni anapoukusudia mpira. Asipotoa mlio, mpira ni wako. Yaani ni wenye kusikia waliojifunza kumsikiliza. Na tarehe 19 Juni 1889, kutoka huko mbali, aliwatoa wakimbiaji watatu kwenye kituo cha nyumbani katika mechi moja.

Wengine humpa sifa ya kuanzisha ishara za mikono za waamuzi. Ushahidi wake ni mwembamba, na sidhani anauhitaji.

Kwetu nilikuwa na mjomba fundi baiskeli. Aliweka kiganja kwenye fremu, akazungusha gurudumu, akajua kama gololi zimekufa. Mtaa mzima ulimwita Bubu. Hata mama, dada yake wa tumbo moja, alikuwa akiniambia, "Mpelekee Bubu chakula." Jina lake halisi nililisoma mara ya kwanza kwenye msalaba wa kaburi lake, nikiwa na miaka 19, na kwa sekunde chache nilidhani tumefika kaburi la mtu mwingine.

Wanaoandika habari za Hoy husema alilipenda lile jina, hata akawasahihisha waliomwita William. Nimelisoma hilo mara nyingi na bado halinitulizi. Mtu akiitwa hivyo na kila mdomo tangu utotoni, kulikataa kungemwachia nini? Lakini nikimvua jina hilo leo, mimi ninayesikia, nitakuwa nimemwamulia tena. Mjomba wangu sikuwahi kumuuliza. Sikujua hata ishara moja ya kumuuliza nayo. Chuo Kikuu cha Gallaudet, chuo cha viziwi jijini Washington, kimeupa uwanja wake wa besiboli jina la Hoy. Hao nawaachia neno.

Inasemekana mashabiki walipotaka kumshangilia walisimama na kupunga kofia na mikono, ili aone. Mwezi Oktoba 1961, Cincinnati ilipoandaa mechi ya fainali, Hoy alialikwa kurusha mpira wa ufunguzi. Alikuwa na miaka 99. Akaurusha, na Desemba akafariki, ikiwa imebaki miezi mitano atimize 100.