Kuba Nililolisifu Lilikuwa la Nani?

Bismillahir Rahmanir Rahim.



Leo nina jambo la kukiri, kisha nina somo, kisha nina ombi kwa wale waliochangia. Nakuomba usome mpaka mwisho, maana mwisho ndipo penye haki za watu.

Mnakumbuka kabla ya Ramadhani nilibandika hapa picha ya jengo lenye makuba ya rangi. Moja jekundu, jingine la kijani, jingine la buluu na nyeupe, yamevimba kama vitunguu, na mengine yana miba kama nanasi. Picha ile niliipata kwenye kundi la WhatsApp. Chini yake nikaandika kwamba ule ni msikiti wa kale huko Urusi, na kwamba wenzetu wa nchi ya theluji wamemjengea Allah nyumba kama ile, ilhali sisi kuba moja tu linatushinda. Nikamalizia kwa namba ya kutuma michango ya kuba la msikiti wetu.

Picha ilisambaa. Watu wakaandika "Maashaallah" kwa mamia. Na michango iliingia, ndugu zangu. Iliingia kuliko miezi sita yote iliyotangulia.

Siku ya tatu nikapata ujumbe wa sauti. Aliyeutuma ni kijana niliyemsomesha Juzuu Amma hapa hapa madrasani kwetu, na leo yuko mji wa Kazan, Urusi, anasomea udaktari. Hakunijibu hadharani. Allah amlipe kwa adabu yake.

"Assalaamu alaykum, shikamoo ustadh. Unisamehe sana. Ile picha, ustadh, si msikiti. Ni kanisa. Lipo Moscow, pale Uwanja Mwekundu. Na si kanisa tu. Lilijengwa kuadhimisha kutekwa kwa mji huu ninaokaa mimi. Ulikuwa mji wa Waislamu."

Nilisikiliza mara mbili. Nikafuta lile bandiko. Lakini kufuta peke yake si toba, kwa sababu picha ilikwisha kuondoka mikononi mwangu, na pesa zilikwisha kuingia. Nikamwambia kijana, "Mwanangu, nifundishe." Tukawa tunazungumza kila usiku baada ya Isha, mwalimu amekuwa mwanafunzi. Haya ninayokuandikia ni niliyojifunza kwake, na mengine nimeyatafuta mwenyewe vitabuni.

Sikiliza vizuri hapa.

Uislamu si mgeni Urusi. Mwaka 922 ujumbe wa Khalifa wa Baghdad, al-Muqtadir, ulimfikia mfalme wa Wabulgari wa mto Volga. Katika msafara ule alikuwamo Ibn Fadlan, aliyeandika habari za safari yake. Wafalme wa Urusi wenyewe waliingia Ukristo mwaka 988. Kwa hiyo adhana ilikuwa imekwisha kusikika kando ya mto Volga miaka 66 kabla ya mfalme Vladimir kubatizwa.

Karne zikapita, na Kazan ikawa makao makuu ya dola ya Watatari, Waislamu. Mwaka 1552, Ivan wa Nne, mfalme wa Moscow aliyejulikana kwa ukali wake, akaja na jeshi akauzingira mji. Mwezi wa Oktoba kuta zikapasuliwa kwa baruti na mji ukaanguka. Msikiti mkuu ukaangamia. Imamu aliyeuongoza, Qul Sharif, aliuawa akiutetea mji pamoja na wanafunzi wake. Watatari waliosalia wakatolewa nje ya kuta, wakaenda kukaa ng'ambo, karibu na ziwa Kaban.

Ivan aliporudi Moscow akaamuru lijengwe kanisa la kuadhimisha ushindi wake. Kazi ilianza 1555 ikamalizika 1561. Ni makanisa madogo tisa yaliyowekwa juu ya msingi mmoja, moja refu katikati na manane yamelizunguka. La kumi liliongezwa mwaka 1588, juu ya kaburi la mtu wao mmoja aliyeitwa Basil, na jina lake ndilo lililoenea duniani. Hata zile rangi zilizonipumbaza hazikuwepo siku ya kwanza. Zilianza kuongezwa katika karne ya 17 na kuendelea.

Sasa pima mwenyewe. Mimi, mtu wa mimbari, nililiita msikiti jengo lililosimamishwa kwa sababu msikiti umeanguka. Nikalitumia kuombea pesa.

FUNZO LA KWANZA ni lile tunalolisoma kila siku na hatulitendi. Katika Suratul Hujurat, aya ya 6, Allah ametuamuru tukijiwa na habari tuichunguze, tusije tukawadhuru watu kwa kutojua kisha tukabaki na majuto. Mimi aya hii nimeitolea darsa mara nyingi. Siku ile kidole changu kilitangulia mbele ya elimu yangu.

Na usidhani ugonjwa huu umekuja na simu. Kuhusu kanisa lile lile, kuna kisa kimesimuliwa kwa karne nyingi kwamba Ivan alimpofua macho mjenzi wake ili asije akajenga jingine zuri kama hilo. Kisa kinasisimua, ndiyo maana kimeishi. Lakini wanahistoria wengi wanakikataa, kwa sababu jina la Postnik Yakovlev, anayetajwa kuwa mjenzi, linaonekana tena katika kazi za ujenzi zilizofuata. Kipofu hasimamii mafundi wa mawe. Ivan ana dhulma zake zilizothibiti, zinamtosha. Hatuna ruhusa ya kumzidishia hata yeye, maana uadilifu Allah ametuamuru tuwe nao hata kwa watu tunaowachukia.

FUNZO LA PILI. Nilipojua habari za Kazan, nafsi yangu iliingia chuki. Nikasema moyoni, kumbe wale walitubomolea. Kijana akanielekeza kwenye majengo mengine mawili, na yakanifundisha.

La kwanza liko Moscow, kanisa kuu walilolijenga kumshukuru Mungu baada ya jeshi la Napoleon kufukuzwa mwaka 1812. Lilifunguliwa rasmi 1883. Tarehe 5 Desemba 1931 serikali ya Kisovieti, iliyokuwa haimtaki Mungu wa dini yoyote, ikalilipua kwa baruti. Walitaka pale pasimame kasri kubwa la utawala wao. Kasri halikusimama. Msingi ulibaki shimo, na kuanzia mwaka 1960 shimo lile likawa bwawa la wazi la kuogelea. Watu wakaogelea pale walipokuwa wakisali babu zao, mpaka miaka ya 1990. Kisha bwawa likafungwa, kanisa likajengwa upya mahali pale pale, likafunguliwa mwaka 2000.

La pili ni msikiti, na safari hii ni msikiti kweli, nimethibitisha! Uko St. Petersburg, mji uliojengwa na Peter Mkuu kuanzia 1703. Una minara miwili mirefu na kuba la buluu lililoigizwa kutoka kaburi la Timur kule Samarkand. Amiri wa Bukhara alikuwa miongoni mwa waliotoa pesa nyingi. Ulifunguliwa kwa ibada mwaka 1913. Mwaka 1940 serikali ile ile ya Kisovieti ikaufunga na kuufanya ghala la vifaa vya tiba. Ulirudishiwa waumini mwaka 1956.

Umeona? Mkono uliolipua kanisa ndio uliofunga msikiti. Katika Suratul Hajj, aya ya 40, Allah anapotaja nyumba ambazo zingebomolewa lau si Yeye kuwakinga watu kwa watu, hakutaja misikiti peke yake. Alitaja nyumba za watawa, na makanisa, na masinagogi, kisha misikiti. Aya hii nimeisoma tangu utotoni. Sikupata kuielewa mpaka nilipoliona lile bwawa la kuogelea katika picha ya zamani, na watu wamo majini wanacheka.

Basi ewe ndugu yangu, ukisikia nyumba ya ibada ya wengine imevunjwa na mjeuri, usipige makofi. Mjeuri hajui mlango wa nani ni wa nani. Akimaliza kwa jirani atabisha kwako.

FUNZO LA TATU ndilo lililonikosesha usingizi.

Baada ya 1552 Watatari wa Kazan walikaa zaidi ya miaka 200 bila kuruhusiwa kujenga msikiti wa mawe mjini mwao. Hata ile ya mbao haikusalimika. Miaka ya 1740, kwa amri ya serikali, misikiti zaidi ya 400 ilivunjwa katika jimbo la Kazan. Ni mwaka 1766, zama za malkia Catherine wa Pili, ndipo walipoanza kujenga kwa ruhusa msikiti wa kwanza wa mawe tangu mji uanguke, wakaumaliza 1770. Leo unaitwa msikiti wa Marjani, kwa jina la mwanachuoni Shihabuddin Marjani aliyekuwa imamu na mwalimu pale katika karne ya 19. Uende kuutazama. Mnara wake mmoja unatokea katikati ya paa, na ukiondoa mnara, umbo lake linakaribia nyumba za wakubwa wa Kirusi wa zama zile. Hauna kuba la kutikisa dunia.

Sasa jiulize. Miaka 200 hakuna msikiti wa mawe, na ya mbao inavunjwa. Uislamu wao ulikaa wapi?

Ulikaa majumbani. Ulikaa kwa walimu. Walikuwapo wanawake waliowaita abistai, mara nyingi wake wa maimamu, wakiwakusanya watoto wa kike na kuwafundisha herufi na dua na Qur'an. Ulikaa kwenye vitabu vilivyonakiliwa kwa mkono. Na mlango ulipofunguliwa kidogo, mwanzoni mwa karne ya 19, Kazan ikawa mji wa kuchapisha misahafu, ikaenea mbali katika nchi za Waislamu. Hebu fikiri, mji uliochomewa msikiti wake mkuu ndio uliokuja kuwagawia wengine Qur'an.

Kisha mwaka 2005, Kazan ilipoadhimisha miaka 1000 ya mji wao, ndani ya ngome ile ile ulifunguliwa msikiti mpya wenye jina la imamu yule, Qul Sharif. Hesabu mwenyewe: kutoka 1552 mpaka 2005 ni miaka 453. Una minara mirefu myeupe na kuba la buluu lenye umbo la kukumbusha taji la Kazan, taji ambalo mpaka leo limehifadhiwa makumbusho ya ngome ya Moscow. Namna msikiti wa zamani ulivyokuwa hakuna aijuaye kwa yakini, waliujenga huu kwa ramani mpya. Na hatua chache kutoka hapo, ndani ya ngome hiyo hiyo, limesimama kanisa kuu lililojengwa baada ya Ivan kuuteka mji. Hawakulibomoa kulipiza kisasi. Kijana wangu anasema akiswali Ijumaa, anatoka mlangoni na kuliona.

Nikamuuliza, "Na darsa zipo?" Akanijibu, "Zipo ustadh. Lakini wazee wa hapa wanasema msikiti ulirudi kwa sababu kulikuwa na watu wa kuurudisha."

Sentensi hiyo ilinichoma, na nitakwambia kwa nini.

Siku niliyobandika picha ile nikiomba pesa za kuba, mwalimu wa madrasa yetu alikuwa hajalipwa miezi minne. Nilijua. Mimi ni mmoja wa wanaotakiwa kumlipa. Yule mwalimu anafundisha watoto zaidi ya sitini barazani, wanagawana misahafu iliyochanika, na mwezi uliopita aliniambia kwa upole kwamba amepata kazi ya kulinda duka usiku, hivyo baadhi ya siku atachelewa darsa. Nikamjibu, "Vumilia, mwalimu." Kisha nikaenda kuombea kuba.

Imepokewa na Abu Dawud kutoka kwa Anas, Allah amridhie, kwamba katika alama za Kiyama ni watu kujifakharisha kwa misikiti. Hilo halina maana kwamba kuba ni haramu, usininukuu vibaya. Kupendezesha nyumba ya Allah bila israfu kuna nafasi yake. Lakini Kazan walinyang'anywa kuta wakabaki na walimu. Sisi kuta tunazo, hakuna aliyetuzingira, na mwalimu tunampoteza wenyewe kwa mikono yetu.

Sasa OMBI, na hili ni la sharia, si la hisia.

Pesa ulizotuma kwa ajili ya kuba ni amana ya kuba. Mimi sina haki ya kuzihamisha kwenda madrasa kwa sababu tu nimesoma historia ya Kazan nikalia. Tena wewe uliyetoa baada ya kuiona picha ile, ulitoa kwa maneno yangu ambayo hayakuwa kweli. Kwa hiyo niandikie faragha mojawapo ya haya matatu: nirudishie pesa zangu, ziache kwenye kuba, au nimeruhusu ziende kwa mwalimu na misahafu. Atakayenyamaza, pesa yake itabaki kwenye kuba, kwa sababu kunyamaza kwako mimi siwezi kukuhesabu kuwa ni ruhusa. Orodha ya michango iko kwa mweka hazina, na yeyote anaruhusiwa kuja kuiona baada ya swala ya Alasiri.

Mshahara wa miezi minne ya mwalimu nimeanza kuulipa mimi, kutoka mfukoni kwangu. Nimetanguliza wa mwezi mmoja. Nalisema hili hadharani ili mnidai.

Na uliyeisambaza ile picha kwa sababu yangu, nakuomba usambaze na hii. Kosa lilitembea kwa kasi, basi masahihisho nayo tuyape miguu.

Ewe Mola wetu, warehemu waliokufa wakiitetea nyumba Yako, na walioibeba dini Yako majumbani bila mnara wala kuba. Ihifadhi Kazan na watu wake, uwahifadhi wasafiri wetu walio ugenini wakitafuta elimu. Usitujaalie kuwa watu wenye misikiti mirefu na watoto wasiojua kusoma Alhamdu. Nisamehe mimi niliyesema nisichokijua. Aamin.

Wabillahi tawfiq. Wassalaamu alaykum warahmatullahi wabarakaatuh.