Alingoja kombe miaka kumi, rekodi yake ikakaa mwaka mmoja tu

Jina lake halitajwi hapa. Kama wewe ni shabiki wa raga utamjua kabla hujafika katikati, na kama raga huielewi, soma tu. Stori yenyewe inamhusu mtu yeyote anayetaka kufanikiwa haraka haraka.

Ni winga Mkenya, mzaliwa wa 1986. Klabu yake ni Mwamba, ile ya Nairobi ambayo mashabiki wanaiita Kulabu. Kwao wako ndugu watatu wa damu na wote watatu wameichezea Mwamba. Kinachochanganya watu ni majina. Kila mmoja ana jina lake la mwisho, kwa hiyo ukisoma orodha ya kikosi huwezi kujua hawa ni watoto wa nyumba moja.

Kaka yake mkubwa si mtu wa mchezo. Aliwahi kuwa nahodha wa Kenya, amesomea kemia, na mwaka 2021 akaingizwa kwenye orodha ya magwiji wa World Rugby. Mwaka huo huo akawa mwanachama wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki. Sasa fikiria wewe ndiye mdogo wake. Ukikosea kidogo tu, kila mtu anakupima na broo.

Dogo alianza kuonekana kwenye mashindano ya dunia ya raga ya wachezaji saba mwaka 2006. Kwa wasiojua, hii raga ni fupi sana. Kipindi kimoja ni dakika saba, mnapumzika dakika mbili, mnamalizia saba nyingine. Dakika kumi na nne, kwisha. Winga anakaa pembeni, pengine mpira unamfikia mara mbili tu mechi nzima, na hapo ndipo anatakiwa kukata mbio mpaka avuke mstari na kuugusisha chini. Hiyo ndiyo trai, pointi tano. Ukiuangusha njiani, nafasi nyingine huenda isije.

Msimu wa 2008/09 jamaa aliwaka moto. Alifunga trai 42, na duniani kote hakuna aliyefunga nyingi kumliko msimu huo. Machi 2009 Kenya ikafika nusu fainali ya Kombe la Dunia kule Dubai. Mwaka huo huo wakaingia fainali ya Adelaide, wakapigwa na Afrika Kusini. Jamaa alikuwa na miaka 22. Kila mtu akasema haya, kombe liko mlangoni, mwakani tunabeba.

Mwakani ikapita. Na iliyofuata. Na nyingine.

Mwaka 2013 Kenya ikafika fainali tena, safari hii Wellington, New Zealand. Mechi ikaenda mpaka muda wa nyongeza. England wakachukua. Ukiwa umeng'ang'ana hivyo halafu unakosa kwa trai moja, kuna watu wangeacha hapo hapo.

Na ukweli usemwe, raga ya Kenya si kazi ya kukutoa kimaisha kama mpira wa miguu wa Ulaya. Wachezaji wengi wa klabu wana kazi nyingine mchana na mazoezi jioni. Hata timu ya taifa pesa imewahi kuleta kelele. Mwaka 2018 pale Paris, wachezaji wa Kenya waliingia uwanjani wakiwa wamefunika nembo ya mdhamini kifuani, wakidai malipo yao. Yaani unapeperusha bendera huku unadai marupurupu. Winga naye anaishi kwa miguu yake, na kila msimu miguu inazeeka kidogo huku nyuma kuna kijana wa miaka 19 anayetaka jezi yako.

Basi ikafika tarehe 17 Aprili 2016, Singapore. Fainali, na mpinzani ni Fiji. Watu wanaojua raga wanaelewa maana ya kukutana na Fiji fainali, hawa ndio wafalme wa wachezaji saba. Kenya 30, Fiji 7. Si kuponea chupuchupu, ni kichapo cha mbwa koko. Kombe la kwanza la Kenya kwenye mashindano hayo, na mchezaji bora wa fainali akatajwa huyu huyu jamaa, sasa ana miaka 29. Miaka kumi tangu aanze. Kocha aliyekuwa pembeni siku hiyo ndiye aliyekuwa nao ule mwaka wa 2009. Kocha huyo alifariki Mei 2021 baada ya kuugua malaria. Angalau kombe alilishika.

Mwezi mmoja baadaye, London, jamaa akavuka trai 230 za Muajentina aliyekuwa ameshikilia rekodi ya dunia. Sasa yeye ndiye namba moja kwa trai kwenye historia ya mashindano hayo. Mkenya!

Hapa ndipo maisha yanaonyesha tabia yake. Agosti wakaenda Olimpiki ya Rio, Kenya ikapoteza mechi zote tatu za kundi. Fiji, wale wale waliopigwa 30 kwa 7, wakabeba dhahabu, medali ya kwanza ya Olimpiki kwenye historia ya nchi yao. Halafu 2017 winga mmoja wa England akaja akaivunja ile rekodi. Kitu alichokijenga miaka kumi alikaa nacho kama mwaka hivi.

Wengine wangenuna. Yeye aliendelea kucheza. Hakuwa tena namba moja, ila alirudi mazoezini, akafunga nyingine na nyingine. Alipotundika daluga hesabu ilisoma trai 279.

Watu mtandaoni hupenda kuuliza, sasa alibaki na nini? Rekodi hana, dhahabu hana. Swali zuri, lakini angalia namba vizuri. Zile trai 42 za msimu mmoja ndizo zilimfanya atrend. Zile 279 zimetoka kwenye misimu ambayo hakuna aliyekuwa anamtaja, akiwa na fainali mbili kichwani ambazo Kenya ilishindwa. Kama angeondoka 2013 baada ya Wellington, leo angekuwa yule jamaa aliyewahi kuwa moto 2009. Singapore ingempita.

Siku hizi mtu akipost miezi mitatu bila likes anasema bongo zimebana, anafuta akaunti. Huyu alisubiri miaka saba kutoka msimu wake bora mpaka kombe lake la kwanza.

Umeshamjua? Dondosha jina lake hapo chini. Na sema ukweli wako: ungekuwa wewe, baada ya Wellington ungerudi?