Kambi ya Gengi Kando ya Mkondoa

Nyumba zilikuwa nane, za vyumba viwili viwili, zimepangwa mstari mmoja mithili ya mabehewa yaliyosahauliwa. Milango yote ilitazama reli. Nyuma yetu ulipita mto Mkondoa, na ng'ambo ya mto ilisimama milima ya Usagara. Stesheni ya karibu ilikuwa Kidete, mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu, na miguu yenyewe ilikanyaga mataruma kwa kuwa barabara haikuwepo. Aliyewahi kutembea juu ya mataruma anajua adha yake: ukikanyaga moja moja hatua ni fupi, ukiruka moja ni ndefu mno. Mpaka leo nikiwa na haraka natembea kwa vihatua vidogo, na mke wangu hunicheka.

Abiria wa treni ya Kigoma walituona kwa muda wa kupepesa macho: watoto wanaopunga mikono, kuku, nguo zimeanikwa. Wenye huruma walitutupia chupa tupu za maji, tukazigombania hadi kuumizana. Sidhani kama kuna aliyejiuliza tunaishi pale kwa sababu gani.

Tuliishi pale kwa sababu ya gengi. Kila kipande cha njia kilikuwa na gengi lake, wanaume wachache chini ya mnyapara mmoja. Wa kwetu walikuwa Waha, Wanyamwezi na Wagogo, pamoja na Msagara mmoja aliyetuona sote ni wageni wake. Kazi ilikuwa kuinua reli kwa jeki, kushindilia kokoto chini ya mataruma na kunyoosha njia palipopinda. Nilipenda siku za kunyoosha. Mnyapara alilala kifudifudi juu ya njia, jicho moja limefumbwa, akiisoma reli hadi mbali. Alipoinua mkono, watu sita walichomeka mitaimbo chini ya reli, mmoja akatoa wito, wengine wakaitikia, na kwenye kiitikio ndipo waliposukuma wote kwa pamoja. Reli ilisogea upana wa kidole. Wito tena, kidole kingine. Nyimbo zilikuwa za Kiha, na nyingi zilihusu tumbo la mnyapara, ambaye kwa bahati nzuri hakukijua Kiha.

Baba hakusukuma mtaimbo siku zote, kwani yeye alikuwa mkagua njia. Aliondoka alfajiri na spana ndefu begani, nyundo, bendera nyekundu na ya kijani, na kopo la fataki, vile vidude vya baruti vinavyofungwa juu ya reli ili vilipuke gurudumu likipita. Alikaza boliti zilizolegea, akagonga na kusikiliza. Mataruma yetu yalikuwa ya chuma. Lililokaa vizuri kwenye kokoto hujibu nyundo kwa sauti nzito, fupi, na lililo wazi chini hulia kama debe. Nilipokuwa na miaka minane alinichukua likizo nzima nijifunze. "Usiangalie," aliniambia. "Macho yatakudanganya. Sikia."

Mwaka juzi nilipanda treni mpya ya umeme ya Dodoma, iliyoanza kubeba abiria 2024. Kwenye milima ya Kilosa inapita ndani ya mahandaki, nasi tulikuwa na soketi ya kuchajia simu. Reli zake zimechomelewa zikawa kitu kimoja, kwa hiyo ule mlio wa maungio uliotubembeleza utotoni haupo. Nililala usingizi mzito, nisiseme uongo.

Jioni pale kambini tulikaa kwa mzee mmoja Mnyamwezi aliyekuwa amestaafu akakataa kuondoka. Kwake ndiko nilikosikia kwamba reli hii ilianza Dar es Salaam mwaka 1905 ikafika Kigoma 1914, na kwamba kampuni ya Kijerumani ya Philipp Holzmann iliijenga kwa vibarua ambao wengi wao walitoka Unyamwezi. Hilo lilimfurahisha na kumuudhi kwa pamoja. Babu zake walipita bonde hilihili na pembe za ndovu mabegani wakielekea Bagamoyo, kisha watoto wao wakalipwa kujenga kitu kilichoua upagazi. Mwaka 1916 Wajerumani wakirudi nyuma mbele ya Waingereza walilipua madaraja, na watu walewale wakaitwa kuyatengeneza.

Ila hadithi aliyoirudia zaidi ilikuwa ya mgomo wa wafanyakazi wa reli wa 1960, chini ya chama chao ambacho katibu mkuu wake alikuwa Kasanga Tumbo. Walikaa siku 82 bila kushika mtaimbo. Tukimuuliza walikula nini, alijibu, "Mihogo, wajukuu zangu. Na ubishi."

Wajenzi walilichagua bonde kwa sababu linapenya milimani kwa mteremko mpole. Lakini mto nao ulikuwa na maoni yake, na kila masika uliyatoa. Mvua za El Nino zilipokuja mwishoni mwa 1997, baba alikagua njia usiku na mchana. Usiku mmoja wa Desemba tuliamshwa na miguu ikikimbia juu ya kokoto. Alipita mbele ya mlango wetu bila kusimama, kandili ya kioo chekundu mkononi, akapaza sauti kumwambia mama kwamba tuta limeondoka upande wa Godegode na treni ya mizigo imeshatoka Kilosa. Kisha giza likammeza kuelekea Kidete.

Mama alituketisha kitandani. Hakuomba kwa sauti, alishika tu mguu wa mdogo wangu. Mvua ilipiga mabati tusisikie kitu, mpaka mlipuko wa kwanza ukasikika, mbali. Baba alinifundisha kwamba hufungwa tatu. Nikahesabu wa pili. Wa tatu ulichelewa hadi nikaanza kulia, ukaja, na nyuma yake breki zikalia kwa muda mrefu sana.

Asubuhi nilikwenda kuliona tuta. Reli mbili zilikuwa zinaning'inia hewani na mataruma yake kama ngazi ya kamba, na chini yake maji ya rangi ya chai ya maziwa.

Baba alirudi saa mbili, amelowa, spana begani. Kifuani, ndani ya koti la mvua, alikuwa na nusu mkate aliopewa na dereva. Kambini kwetu mkate ulikuwa kitu cha sikukuu. Ulikuwa umeloa upande mmoja na ulinuka dizeli, na mama aliukata vipande vitano akiupima kwa jicho, kimoja akakiacha sahanini kwa ajili yake baba, ambaye tayari alikuwa amelala na buti miguuni.