Tundu la Jani

Miaka mingi nilichagua mchicha kwa macho: uliotobolewa na wadudu niliukataa, uliong'aa niliubeba. Jioni moja nilimkuta muuzaji wangu akinyunyizia dawa matuta ambayo angeyavuna kesho yake. Kibao chake kilisema "mboga za asili", na wanangu walikuwa wamezila miaka miwili.

Tangu mwaka 2007 Afrika Mashariki ina kanuni zake za kilimo hai, na alama ya Kilimohai huwekwa kwenye mazao ya mkulima aliyekaguliwa. Lakini fungu la mchicha la gengeni halina alama. Basi siku hizi nauliza: umenyunyizia nini, na lini? Tena sikatai majani yenye matundu. Kukataa kwangu ndiko kulikomfundisha yule ndugu kushika bomba.